Majaji Walioshindwa Kura: Namna ya Kusoma Urithi wa Mahakama ya Juu ya Marekani

Tarehe 18 Mei 1896 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kwamba jimbo la Louisiana halikuvunja Katiba lilipolazimisha abiria weusi na weupe kupanda mabehewa tofauti ya treni. Majaji saba walikubaliana. Mmoja hakushiriki. Aliyebaki, John Marshall Harlan wa Kentucky, alipinga peke yake. Aliandika kwamba Katiba haioni rangi wala haitambui matabaka miongoni mwa raia, na kwamba hukumu ya siku hiyo ingekuja kuleta madhara sawa na ile ya Dred Scott ya 1857, iliyotamka kuwa mtu mweusi hawezi kuwa raia. Maneno hayo hayakumsaidia Homer Plessy, fundi viatu wa New Orleans aliyekamatwa kwa kukataa kutoka kwenye behewa la weupe. Ubaguzi ulipata muhuri wa Mahakama, na muhuri huo ulidumu miaka 58.

Hata hivyo maneno ya Harlan yalichapishwa. Yamo katika juzuu la 163 la ripoti rasmi za Mahakama, mara tu baada ya hukumu ya wale saba, na leo wanafunzi wa sheria wa Marekani humkumbuka yeye kuliko Henry Billings Brown, jaji aliyeandika hukumu iliyoshinda. Hapo ndipo penye fundo. Tumezoea kudhani kwamba jaji huacha urithi kwa hukumu zilizofuatwa. Historia ya Mahakama hii inaonyesha kwamba kinachodumu ni hoja iliyoandikwa vizuri kiasi cha mtu mwingine kuiokota, iwe ya upande ulioshinda au ulioshindwa. Na anayeiokota anaweza kuipeleka mahali ambapo mwandishi wake hakupawaza kabisa.

Nalisema hili kwa sababu habari nyingi zinazotufikia kuhusu Mahakama hiyo ni za hesabu: rais huyu aliteua wangapi, chama kile kina wangapi. Hesabu hizo ni za kweli na zina uzito. Lakini msomaji anayeishia hapo hataelewa kwa nini wakili wa leo anasimama mbele ya majaji na kunukuu sentensi ya mtu aliyekufa zaidi ya miaka 100 iliyopita, tena mtu ambaye siku alipoandika sentensi hiyo alikuwa ameshindwa.

Sauti moja, sauti nyingi

Mahakama ya Juu ina majaji tisa, idadi ambayo haijabadilika tangu 1869. Rais huwateua, Baraza la Seneti huwathibitisha, nao hukaa kazini hadi wafariki, wastaafu, au waondolewe na Bunge kwa makosa. Haipokei kila rufaa. Sharti majaji wasiopungua wanne wakubali kuisikiliza. Mawakili wakishatoa hoja, majaji hukutana faraghani na kupiga kura, kisha mmoja wa walio wengi hupewa kazi ya kuandika hukumu ya Mahakama. Hiyo ndiyo inayozifunga mahakama za chini. Jaji aliyekubali matokeo kwa sababu tofauti na za wenzake anaweza kuandika maoni yake, na asiyekubali kabisa anaweza kuandika hukumu pinzani. Wakenya waliuona mpangilio kama huu mwaka 2017, Mahakama ya Juu yao ilipofuta uchaguzi wa urais kwa kura nne dhidi ya mbili, na majaji Njoki Ndung'u na Jackton Ojwang wakaeleza kwa maandishi kwa nini hawakukubaliana na wenzao.

Mwanzoni mambo hayakuwa hivyo. Majaji wa kwanza wa Marekani walifuata desturi ya Uingereza: kila mmoja alitoa hukumu yake, na wakili akaachiwa kazi ya kutafuta walipokubaliana. Aliyebadilisha hilo ni John Marshall, Jaji Mkuu kuanzia 1801 hadi alipofariki mwaka 1835. Yeye ndiye Harlan aliyepewa jina lake. Aliwazoesha wenzake kutoa hukumu moja kwa jina la Mahakama nzima, na zaidi ya 500 kati ya hizo aliziandika mwenyewe.

Maarufu kuliko zote ni ya Marbury dhidi ya Madison, ya 1803, na inafaa kuielewa vizuri kwa sababu kila kinachofuata kinasimama juu yake. Rais John Adams alipokuwa anaondoka madarakani aliteua mahakimu kadhaa dakika za mwisho. Hati ya uteuzi ya William Marbury ilisainiwa na kupigwa muhuri, ila haikufikishwa kwake. Aliyepaswa kuifikisha alikuwa Waziri wa Mambo ya Nje, na waziri huyo alikuwa John Marshall mwenyewe, ambaye kwa wiki kadhaa alishika vyeo vyote viwili. Rais mpya, Thomas Jefferson, akazuia hati zisitoke. Marbury akaenda moja kwa moja Mahakama ya Juu, kwa kutegemea sheria ya Bunge ya 1789, kuomba waziri mpya James Madison aamriwe kumpa hati yake.

Marshall alikuwa kwenye kona. Akitoa amri, Jefferson angeipuuza na Mahakama ingeaibika. Akikataa, angeonekana kaogopa. Aliandika kwamba Marbury ana haki ya kupata hati, na kwamba palipo na haki sharti pawe na njia ya kuidai. Ila kifungu cha sheria kilichomruhusu kuanzia kesi yake Mahakama ya Juu kinapingana na Katiba, na sheria inayopingana na Katiba si sheria. Jefferson alishinda kesi na hivyo hakuwa na amri ya kukaidi. Mahakama nayo ikajitwalia uwezo wa kubatilisha sheria za Bunge, uwezo ambao Katiba haikuutaja waziwazi. Jaji wa leo aliyehusika na shauri namna ile angetakiwa kujiondoa, na sioni sababu ya kulifichaficha hilo. Hata hivyo hoja ndiyo iliyobaki, na mahakama nyingi duniani zenye kazi ya kulinda katiba zimeitumia kwa namna moja au nyingine.

Jefferson hakuupenda utaratibu wa sauti moja. Alimwandikia William Johnson, jaji aliyemteua yeye, akimhimiza arudishe desturi ya kila jaji kutoa sababu zake. Johnson alijaribu kwa kadiri alivyoweza, na wanahistoria humtaja kama mpinzani wa kwanza wa Mahakama. Kilichopatikana ni mchanganyiko: Mahakama husema kwa sauti moja inayofunga, na pembeni yake huruhusu sauti nyingine zisizofunga mtu lakini zinazosomeka.

Zinasomeka na nani, na kwa bei gani? Ripoti za mwanzo zilikuwa biashara binafsi ya watu waliokaa mahakamani, wakakusanya hukumu na kuziuza kwa majuzuu ghali. Mmoja wao, Henry Wheaton, alimshtaki mrithi wake Richard Peters kwa kutoa matoleo ya bei nafuu ya kesi alizoziripoti yeye. Mwaka 1834 Mahakama iliamua kwamba hakuna mtu anayeweza kumiliki hakimiliki ya hukumu zenyewe. Uamuzi huo hauna umaarufu wa kesi nyingine ninazozitaja hapa, lakini bila huo pengine maneno ya Harlan yangekuwa mali ya mtu fulani. Leo mwenye simu yenye intaneti, akiwa Kigoma au Mombasa, anaweza kuyasoma bila kulipia chochote zaidi ya bando.

Nchi changa na vitabu vyake

Wakati wa Marshall, wakili wa Marekani alijifunza sheria zaidi kutoka kitabu cha Mwingereza, William Blackstone. James Kent wa New York alipolazimika kustaafu ujaji mwaka 1823 kwa kufikisha miaka 60, aligeukia kalamu, na kati ya 1826 na 1830 akatoa majuzuu manne ya ufafanuzi wa sheria ya Marekani. Joseph Story, aliyeingia Mahakama ya Juu mwaka 1811 akiwa na miaka 32, alifundisha Harvard huku bado ni jaji, na mwaka 1833 akatoa majuzuu matatu kuhusu Katiba. Story ndiye aliyeandika hukumu ya Amistad ya 1841 iliyowaachia huru Waafrika waliokuwa wameiteka meli iliyokuwa ikiwapeleka utumwani. Mwaka mmoja baadaye aliandika ile ya Prigg, iliyowalinda wenye watumwa waliowafuata waliotoroka. Kalamu ni ileile. Anayetaka mashujaa wasio na doa atateseka sana katika historia hii.

Kisha kukaja badiliko lililowafanya majaji kuwa majina ya kila darasa. Christopher Columbus Langdell, mkuu wa kitivo cha sheria cha Harvard kuanzia 1870, aliacha kuwahubiria wanafunzi kanuni. Mwaka 1871 alitoa kitabu cha kesi za mikataba: hukumu halisi, zilizopangwa, ambazo mwanafunzi alitakiwa kuzichambua mwenyewe mbele ya mwalimu anayemuuliza maswali. Mtindo huo ulienea nchi nzima. Tangu hapo hukumu pinzani yenye hoja nzuri ilikuwa na wasomaji wapya kila mwaka, vijana wa miaka ishirini na kitu ambao baadaye wangekuwa mawakili, wabunge na majaji. Antonin Scalia, jaji kuanzia 1986 hadi 2016, alikuwa akisema waziwazi kwamba hukumu zake pinzani aliziandika kwa ajili ya wanafunzi hao.

Holmes, mwema na mbaya

Hakuna anayeonyesha utata wa urithi huu kama Oliver Wendell Holmes. Alizaliwa Boston mwaka 1841, akapigana upande wa Kaskazini katika vita vya wenyewe kwa wenyewe, akajeruhiwa mara tatu. Vita vile vilimtoa imani katika watu wenye uhakika wa kupita kiasi. Mwaka 1881 alitoa kitabu The Common Law, na katika ukurasa wa kwanza akaandika kwamba uhai wa sheria haukuwa mantiki bali uzoefu: mahitaji ya wakati, nadharia zinazotawala, hata chuki ambazo majaji huwa nazo sawa na wananchi wenzao, vyote vimechangia zaidi kuliko mantiki. Kwa kizazi kilichofundishwa kwamba jaji hugundua tu sheria iliyokwisha kuwepo, hayo yalikuwa maneno mazito.

Benjamin Cardozo, aliyerithi kiti cha Holmes mwaka 1932, alilipeleka wazo hilo mbele katika mihadhara yake iliyochapishwa mwaka 1921, akikiri kwa upole jinsi jaji anavyopima historia, desturi na manufaa ya jamii anapoamua. Hukumu yake ya 1916 akiwa jaji wa New York, kuhusu gari la Buick ambalo gurudumu lake lilivunjika, ilisema mtengenezaji anawajibika kwa mtumiaji hata kama hawakuwa na mkataba kati yao. Lord Atkin aliitumia katika kesi ya Donoghue huko Uingereza mwaka 1932, na kupitia kesi hiyo kanuni ya uzembe ikafika katika sheria za Kenya, Uganda na Tanzania. Mwananchi wa huku anayedai fidia kwa bidhaa mbovu anamdai Cardozo shukrani bila kumjua.

Nirudi kwa Holmes. Aliingia Mahakama ya Juu mwaka 1902. Miaka mitatu baadaye, katika kesi ya Lochner, majaji watano dhidi ya wanne walibatilisha sheria ya New York iliyoweka kikomo cha saa 60 kwa wiki kwa waokaji mikate, wakisema inaingilia uhuru wa mwajiri na mfanyakazi kuingia mkataba. Harlan aliandika hukumu pinzani ndefu, yenye takwimu za afya za waokaji wanaovuta vumbi la unga. Holmes aliandika aya chache tu. Alisema kesi imeamuliwa kwa nadharia ya uchumi ambayo sehemu kubwa ya nchi haiikubali, na kwamba Marekebisho ya 14 ya Katiba, yanayokataza jimbo kumnyima mtu uhuru wake bila utaratibu wa sheria, hayakukifanya kitabu cha Herbert Spencer kuwa sheria ya nchi. Spencer alikuwa mwanafalsafa wa Kiingereza aliyehubiri kwamba serikali iwaache wenye nguvu na wanyonge washindane. Hoja ya Holmes ilikuwa rahisi: wananchi kupitia mabunge yao wana haki ya kujaribu sera, hata zile ambazo jaji anaziona za kijinga.

Charles Evans Hughes, katika kitabu chake cha 1928 kuhusu Mahakama hiyo, aliandika kwamba hukumu pinzani ni rufaa kwa akili ya siku zijazo. Mwaka 1937 siku hiyo ilifika, na Hughes mwenyewe alikuwa Jaji Mkuu. Elsie Parrish, mhudumu wa vyumba hotelini katika jimbo la Washington, alidai kima cha chini cha mshahara kilichowekwa na jimbo. Mahakama ilimpa haki kwa kura tano dhidi ya nne, Hughes ndiye aliyeandika, na zama za Lochner zikafikia mwisho.

Mwaka 1919 Holmes alifanya jambo ambalo majaji wachache hulifanya: alibadilika. Mwezi Machi alikuwa ameandika hukumu iliyothibitisha kifungo cha waliopinga Vita vya Kwanza vya Dunia. Novemba, Mahakama ilipothibitisha vifungo vya hadi miaka 20 vya vijana wahamiaji kutoka Urusi waliorusha vipeperushi New York wakipinga majeshi ya Marekani kupelekwa kwao, Holmes akapinga, akiwa na jaji mwenzake Louis Brandeis. Jaji Learned Hand na msomi Zechariah Chafee walikuwa wamemshawishi katikati ya miezi hiyo. Aliandika kwamba kipimo bora cha ukweli ni uwezo wa wazo kukubalika katika ushindani wa soko la mawazo. Nusu karne baadaye, mwaka 1969, Mahakama iliamua kwamba maneno hayaadhibiwi isipokuwa yamekusudiwa kuchochea uvunjaji wa sheria papo hapo na yanaelekea kweli kuuleta. Hapo msimamo wa walioshindwa mwaka 1919 ukawa ndio sheria kwa jumla.

Sasa upande wa pili. Mwaka 1927 ililetwa kesi ya Carrie Buck, msichana wa Virginia aliyekuwa amewekwa katika taasisi ya watu walioitwa wenye upungufu wa akili. Alikuwa amezaa bila ndoa. Alisema alibakwa na jamaa wa familia iliyomlea. Jimbo lilitaka kumfunga kizazi kwa nguvu, kwa madai kwamba mama yake, yeye na mwanawe wote walikuwa na kasoro ya kurithi. Holmes aliandika hukumu ya kuruhusu. Alisema kama taifa linaweza kuwataka raia wake bora watoe uhai vitani, linaweza pia kuwataka wengine kafara ndogo zaidi. Akamalizia: vizazi vitatu vya mapunguani vinatosha.

Majaji wanane walikubaliana, akiwemo Brandeis. Zaidi ya watu 60,000 walifungwa kizazi katika majimbo mbalimbali katika karne ya 20 chini ya sheria za namna hiyo. Mtoto wa Carrie, Vivian, aliyetajwa kama kizazi cha tatu, aliwahi kuwa kwenye orodha ya wanafunzi bora wa shule yake kabla ya kufariki akiwa na miaka minane.

Nimeisoma hukumu hiyo fupi mara nyingi, na kinachonitisha zaidi ni kwamba Holmes hakugeuka kuwa mtu mwingine. Unyenyekevu wake kwa maamuzi ya mabunge, uleule uliomfanya awatetee waokaji wa New York, ndio uliomwacha Carrie Buck bila mlinzi. Tena alitegemea hukumu ya 1905 iliyoruhusu chanjo ya lazima ya ndui, akisema kanuni hiyo ni pana kiasi cha kuruhusu na hili. Mwandishi wa hukumu ile ya chanjo alikuwa Harlan, aliyekuwa amekufa miaka 16 kabla. Hoja ikishatoka mikononi mwa jaji haina mwenyewe.

Jaji mmoja alipinga: Pierce Butler. Hakuandika neno. Ripoti inasema tu kwamba hakuafiki. Kwa hiyo wakili aliyetaka kuishambulia hukumu ile miaka iliyofuata hakuwa na cha kuokota kutoka ndani ya Mahakama yenyewe. Mwaka 1942, katika kesi ya Skinner, Mahakama ilibatilisha sheria ya Oklahoma ya kuwafunga kizazi baadhi ya wahalifu, na Virginia ilifuta sheria yake mwaka 1974. Lakini hukumu ya Buck haijawahi kutamkwa rasmi kuwa imetenguliwa. Nikitaka kumwonyesha mtu thamani ya hukumu pinzani iliyoandikwa, humwonyesha ile ambayo haikuandikwa.

Brandeis, kwa bahati, aliandika hukumu pinzani mwaka 1928, mwaka mmoja baada ya Buck. Maofisa wa serikali walinasa simu za mfanyabiashara wa pombe wa Seattle, Roy Olmstead, bila kibali. Walio wengi walisema hakuna nyumba iliyoingiwa, kwa hiyo hakuna upekuzi. Brandeis alionya kwamba sayansi haitaishia kwenye simu, na kwamba haki ya kuachwa peke yako ndiyo inayothaminiwa zaidi na watu wastaarabu. Mahakama iliachana na msimamo wa walio wengi mwaka 1967, na mwaka 2018, Jaji Mkuu John Roberts alipoandika kwamba polisi kwa kawaida wanahitaji kibali ili kupata kumbukumbu za mahali simu ya mtu ilipopita, alimnukuu Brandeis.

Kutoka Kentucky hadi Kiambu

Thurgood Marshall alikuwa wakili mweusi aliyezunguka mahakama za Kusini akitetea watu weusi, mara nyingi kwa hatari ya maisha yake. Constance Baker Motley, wakili mwenzake ambaye baadaye alikuwa jaji, alisimulia kwamba Marshall alipovunjika moyo alikuwa akisoma kwa sauti vifungu vya hukumu pinzani ya Harlan. Tarehe 17 Mei 1954 Mahakama, kwa kura zote tisa, iliamua katika kesi ya Brown kwamba kuwatenga watoto weusi na weupe shuleni kunavunja Katiba. Jaji Mkuu Earl Warren hakujenga hukumu yake juu ya hoja ya Harlan. Alizungumzia elimu na jeraha linalobaki katika moyo wa mtoto aliyetengwa. Kwa hiyo Harlan hakushinda mwaka 1954 kwa njia iliyonyooka. Alichofanya ni kuwaachia waliopigana ushahidi kwamba ndani ya Mahakama yenyewe, siku ile ya giza, mtu mmoja aliona.

Aliona nusu, niongeze. Katika hukumu ileile Harlan aliandika kwamba weupe wataendelea kutawala nchi kwa heshima, elimu na mali, na aliwataja Wachina kama jamii iliyo tofauti mno kiasi cha kutoruhusiwa kuwa raia. Mwaka 2023, Mahakama ilipopiga marufuku vyuo vya Harvard na North Carolina kuzingatia rangi katika udahili, Jaji Clarence Thomas aliyategemea maneno ya Harlan kuhusu Katiba isiyoona rangi. Jaji Sonia Sotomayor, akipinga, alisema Harlan alikuwa anashambulia utawala wa weupe, wala hakuwa anakataza hatua za kurekebisha dhuluma. Wote wawili wananukuu aya ileile. Mimi naona usomaji wa Sotomayor unalingana zaidi na kesi iliyokuwa mbele ya Harlan, lakini siwezi kudai kwamba aya hiyo yenyewe inamaliza ubishi.

Thurgood Marshall ana ukurasa wake Afrika Mashariki. Januari 1960 alifika Kenya kwa mwaliko wa Tom Mboya, akiwa mshauri wa wajumbe wa Kiafrika waliokuwa wakienda kwenye mkutano wa katiba wa Lancaster House, London. Mwenyewe alisimulia kwamba maofisa wa kikoloni walipomzuia kuingia mkutanoni Kiambu, aliomba awaambie watu neno moja tu. Akaruhusiwa, akapaza sauti: Uhuru!

London aliandika rasimu ya sura ya haki kwa ajili ya Kenya. Mtu aliyetumia maisha yake kutetea wachache waliodhulumiwa sasa alikuwa anaandikia nchi ambako wachache walikuwa walowezi wenye ardhi. Aliweka ulinzi wa mali na fidia ya haki kwa inayotwaliwa, pamoja na usawa, kura na elimu. Sura ya haki iliyoingia katika Katiba ya uhuru ya 1963 haikuwa nakala ya rasimu yake, lakini mkasa huo unafikirisha, na mwanahistoria Mary Dudziak ameueleza kwa kina katika kitabu chake cha 2008, Exporting American Dreams. Kati ya vitabu vyote kuhusu majaji wa Marekani, hicho ndicho ningependa kukiona katika maktaba za Nairobi na Dar es Salaam.

Mwaka 1967 Marshall alikuwa jaji mweusi wa kwanza wa Mahakama ya Juu. Ilipoadhimishwa miaka 200 ya Katiba mwaka 1987, alikataa kushangilia tu; alisema ilikuwa na kasoro tangu mwanzo, na ilihitaji marekebisho kadhaa na vita vya wenyewe kwa wenyewe ili iheshimu utu wa wote. Mahakama ilikuwa ikihamia upande mwingine, na kazi yake ya miaka ya mwisho ilikuwa zaidi ya kupinga. Tarehe 27 Juni 1991, katika kesi kuhusu hukumu ya kifo, aliandika kwamba nguvu, si hoja, ndiyo sarafu mpya ya maamuzi ya Mahakama hiyo. Siku hiyohiyo alitangaza kustaafu.

Mtu asidhani kwamba hukumu pinzani ni silaha ya upande mmoja wa siasa. Mwaka 1973, Mahakama ilipotambua haki ya kutoa mimba katika kesi ya Roe, Jaji Byron White alipinga na kuuita uamuzi huo matumizi ya nguvu tupu ya kimahakama. Mwaka 2022, Mahakama ilipoifuta Roe, Jaji Samuel Alito aliyanukuu maneno hayo. Scalia alikuwa peke yake mwaka 1988 aliposema kwamba mwendesha mashtaka asiye chini ya rais anavunja mgawanyo wa madaraka. Bunge liliiacha sheria iliyomweka mwendesha mashtaka huyo ife mwaka 1999, baada ya vyama vyote viwili kuonja makali yake. Ruth Bader Ginsburg naye hakungoja majaji wa baadaye. Mwaka 2007 alisoma kwa sauti kupinga kwake katika kesi ya Lilly Ledbetter, aliyelipwa chini ya wanaume wenzake kiwandani Alabama, akaliambia Bunge lirekebishe. Januari 2009 Barack Obama alisaini sheria ya kufanya hivyo, ya kwanza katika urais wake.

Mvutano kati ya Scalia na Ginsburg, marafiki waliopenda opera, mara nyingi huelezwa kama ugomvi wa Katiba iliyoganda na Katiba hai. Kuna ukweli hapo: Scalia alisema maneno ya Katiba yana maana yaliyokuwa nayo yalipopitishwa, na wenzake wengine husema kanuni pana sharti zikutane na hali mpya. Lakini ukisoma hukumu zenyewe utaona kila upande ukitumia historia inapousaidia, na kila upande ukikumbuka unyenyekevu kwa mabunge pale bunge linapokuwa limeamua unavyotaka.

Anayetaka kuanza kusoma asianze na wasifu wa majaji, ambao mwingi huandikwa na wanaowapenda. Aanze na hukumu ya Brown ya 1954, kwa sababu Warren aliifanya makusudi iwe fupi na isomeke na mtu asiye mwanasheria. Kisha Plessy yote, hukumu ya walio wengi kwanza na Harlan baadaye, maana anayepinga huielezea hoja ya wenzake kwa sura yake mbaya kuliko zote, na msomaji anahitaji kuisikia kutoka kwa wenyewe. Kisha Lochner, kwa utaratibu huohuo. Na Buck asiiache, hata kama kurasa zake ni chache na zinauma. Aisome mara baada ya Lochner, angali anampenda Holmes.